Gunia Lenye Uzito wa Teague

Rafiki yangu Enos Prewitt, seremala wa huko Kansas, aliitwa kujaribu jukwaa la kunyongea. Sherifu Dunmore, aliyekuwa akinunua kura za kiti cha bunge la jimbo kwa mapipa ya wiski, alitaka Teague, mfungwa aliyehukumiwa kwa mauaji, anyongwe kabla ya uchaguzi.

“Teague hakuua mtu, mheshimiwa, nawe unajua,” alisema Enos.

“Wapiga kura wanataka shingo, fundi. Vuta!”

Enos akavuta wenzo, mlango wa sakafu ya jukwaa ukafunguka. Gunia la mchanga, lenye uzito wa Teague, likaporomoka, kamba ikakaza kwa kishindo. Sherifu akacheka, kitambi kikatikisika, akarudi baa.

Enos akaingia gizani chini ya mbao kulifungua lile gunia. Kamba ilikuwa ikilia polepole. Akalikumbatia. Lilikuwa na joto, na ndani yake kitu kilidunda kama moyo, kikapunguza mwendo, kikanyamaza.