Mkwaruzo Chumbani kwa Babu

Kila siku akirudi kutoka shule, Kijino alivua viatu barazani, akamwamkia mama yake aliyekuwa ameinamia cherehani, akaingia ndani na kunywa maji vikombe viwili mfululizo. Kabla hajakiweka kikombe chini, swali lilikuwa limeshamfikia.

"Kijino, umemkatia Jemadari majani?"

"Naenda sasa hivi, mama."

Jina hilo alipewa na babu yake alipokuwa darasa la kwanza, jino lake la mbele lilipong'oka na kukawia kuota. Sasa alikuwa na miaka kumi na miwili, meno yote yamejaa kinywani, lakini jina lilikuwa limemganda. Jemadari naye alikuwa kobe wa babu, mkubwa kama beseni la kunawia, na aliishi uani katika banda la mbao. Babu alikuwa fundi saa. Alifariki miezi mitano iliyopita. Siku chache kabla, akiwa hoi kitandani, alimshika mjukuu wake mkono.

"Jemadari nakuachia wewe, mjukuu wangu. Nyasi, mchunga, majani ya mforosadi. Maganda ya mayai umsagie, na maji safi. Mkate asiuonje kabisa. Umenisikia?"

"Nimekusikia, babu."

Mwezi wa kwanza alitimiza. Lakini mchunga, mmea ule wa majani machungu, uliota mbali, nyuma ya uzio wa uwanja wa shule, na kuukata kulitaka nusu saa ya kuinama juani wakati wenzake wanaruka kamba. Siku moja alichovya mkate katika maziwa, akautupa bandani. Jemadari aliula mpaka akajipaka uso mzima. "Mbona anaupenda!" Kijino alijisemea. Tangu hapo ikawa mkate na maziwa, au biskuti zilizovunjika. Mama akiuliza, jibu lilikuwa lilelile: nimemkatia. Uongo wa kwanza ulimkwama kooni. Wa kumi ulishuka kama uji.

Baadaye hakuinama hata kumtazama. Alimimina sahani bandani, akakimbilia kamba. Akirudi jioni sahani ilikuwa nyeupe, imerambwa, na hilo lilimtosha.

Sauti ilianza alasiri moja ya joto kali. Mama alikuwa amekwenda kumpelekea mteja gauni, na nyumba ilikuwa kimya hata ungeweza kumsikia inzi akitua. Kijino alikaa kwenye korido akifanya hesabu za shule.

Kwara. Kwara. Kwara.

Akainua kichwa. Kimya. Halafu, taratibu, kama mtu anayepuliza kitu kidogo: *fiiii*.

Ilitoka chumbani kwa babu. Mlango ule ulikuwa umefungwa tangu siku ya mazishi na ufunguo alikuwa nao mama. Kijino alihisi nywele za mikononi zikimsimama, kwa kuwa sauti ile aliijua. Ilikuwa sauti ya tupa. Hivyo ndivyo babu alivyokuwa akisugua vyuma vidogo vya saa: mara tatu, anatua, anapuliza vumbi.

Kwara. Kwara. Kwara. *Fiiii*.

Alikusanya madaftari akatoka nje, akaenda kukaa barabarani mpaka mama aliporudi.

Kesho yake mama naye aliisikia. Mguu wake ulisimama ghafla juu ya kanyagio la cherehani.

"Mama, umesikia?"

"Upepo huo," mama alisema. Uani hakuna hata jani lililokuwa likitikisika. Siku iliyofuata aliburura cherehani hadi upande wa pili wa baraza, akisema kule kuna mwanga mzuri zaidi.

Shuleni, Kijino alimsimulia rafiki yake waliyempachika jina la Redio, maana hakuwa na swichi ya kuzimia.

"Ni babu yako huyo," Redio alisema bila kufikiri. "Kuna saa ya mtu hakuimaliza."

"Nyamaza bwana!"

"Mimi nakwambia. Jumamosi nitakuja niongee naye. Mimi wazee wananipenda."

Jumamosi saa nane mchana akaja, kifua mbele. Wakasimama wote wawili mbele ya mlango. Kwara, kwara, kwara, ikasema sauti, na mara hii ilikuwa karibu kabisa, chini, usawa wa magoti yao.

"Mama ananiita," Redio alinong'ona.

"Kwenu ni mtaa wa tatu!"

"Ana sauti kubwa." Akatoka mbio, kiatu kimoja akakiacha barazani.

Kijino alizunguka uani peke yake na kuchungulia dirishani, pazia lilipoacha upenyo. Saa za babu zilikuwa ukutani, zote zimekufa, kila moja katika dakika yake. Kitanda kilikuwa kimetandikwa, shuka limeshuka hadi sakafuni. Kisha akaona ukuta. Chini, juu kidogo ya sakafu, chokaa ilikuwa imekwaruzwa alama ndogo zilizopinda kama mwezi mchanga, safu kwa safu, kama alama za kucha za mtu. Unga mweupe ulikuwa umemwagika sakafuni.

Alirudi nyuma akikanyaga miguu yake mwenyewe. Wazo lililomjia lilimtia baridi katikati ya jua lile. Babu alijua. Alijua habari ya mkate, na ya maziwa, na ya kila "nimemkatia". Alikuwa amerudi kudai ahadi yake.

Mama alipompakulia chakula mchana huo, hakukigusa. Mama alimtazama, akamgusa paji la uso.

"Una nini, mwanangu?"

"Kuna mtu anakwaruza ukuta chumbani kwa babu. Nimeona alama. Mama, si upepo."

Mama alinyanyuka, akatoa ufunguo kwenye kikopo cha vifungo, akaushika kiganjani muda mrefu. "Twende," alisema. "Hata mimi nimechoka kukimbizwa na chumba cha baba yangu."

Mlango ulifunguka kwa shida. Hewa ya ndani ilikuwa nzito, yenye harufu ya mafuta ya saa. Mkwaruzo ulikatika papo hapo. Lakini pumzi haikukatika. *Fiiii*. Ilitoka chini ya kitanda.

Mama aliinama, akainua shuka.

Uso mweupe ulikuwa ukiwaelekea. Ulikuwa mweupe kama unga, umekunjamana, hauna macho.

Mama alipiga yowe na kurudi nyuma mpaka mgongo ukagonga kabati. Kijino hakuweza hata kupiga kelele. Uso ule ulisogea kidogo, ukafungua mdomo uliojaa chokaa, na ndipo alipoliona gamba nyuma yake.

"Mama! Ni Jemadari!"

Ubao mmoja wa chini wa mlango wa nyuma wa chumba kile, unaotokea uani, ulikuwa umeoza na kudondoka, na kobe alikuwa ametoroka bandani akapita hapo. Waliokuwa wakiramba sahani bandani ni paka wa jirani. Macho ya Jemadari yalikuwepo, ila yalikuwa yamevimba na kujifunga kabisa. Kijino alipombeba, vidole vyake vilibonyea gamba. Lilikuwa laini kama boksi lililoloa maji. Alitamani ungekuwa mzimu wa babu kweli, kuliko hili.

Walimpeleka siku ileile kwa daktari wa wanyama, mwanamke mrefu aliyeninginiza miwani shingoni kwa kamba. Alimlaza Jemadari juu ya meza ya bati, akambonyeza gamba, akasikiliza pumzi yake.

"Anakula nini huyu?"

Mama alimgeukia Kijino. Kijino alitazama sakafu. "Nyasi. Mchunga. Na maganda ya mayai."

"Kila siku?"

"Ndiyo."

Daktari alikunja uso. "Ajabu. Kama anakula vizuri hivyo, basi ana ugonjwa mwingine wa ndani. Itabidi nimchome dawa kali. Kwa hali yake, sijui kama atastahimili." Akachukua sindano, akaanza kuvuta dawa kutoka kwenye kichupa.

Dawa ilipanda ndani ya sindano polepole. Jemadari alilala kimya, uso wake mweupe umeelekea upande wa Kijino, kama anayesubiri aseme neno.

"Daktari, subiri!" Sauti yake ilipasuka. "Si kweli. Nimekuwa nikimpa mkate na maziwa. Na biskuti. Miezi minne sasa. Mama, nilikudanganya kila siku."

Mama alifumba macho, akayafumbua. Daktari aliiweka sindano chini.

"Afadhali umesema," alisema. "Mwili wa kobe hautengenezi gamba kwa mkate, na maziwa humvuruga tumbo. Huyu mifupa yake ilikuwa ikidai madini, ndiyo maana akaenda kula ukuta. Alikuwa akitafuta chokaa. Macho yamevimba kwa kukosa majani mabichi, na pua imeziba, ndiyo inayopiga mluzi. Sindano ile ingeweza kumuua."

Aliwapa dawa ya macho na unga wa madini, akawaelekeza wamlaze kila asubuhi katika maji kidogo ya uvuguvugu, kisha juani.

Wiki ya kwanza Jemadari hakula kitu. Kijino aliamka mapema, akakata mchunga ukiwa bado na umande, akaukatakata vipande vidogo na kumgusishia mdomoni. Wiki ya tatu jicho la kushoto lilifunguka, jeusi, linang'aa. Kijino alilia kama mtoto mdogo. Mama alirudisha cherehani mahali pake, akapigilia ubao mpya mlangoni, na madirisha ya chumba cha babu yakafunguliwa kupitisha hewa.

Baada ya miezi miwili walirudi kwa daktari. Gamba lilikuwa limekaza, ingawa upande mmoja lilibaki na bonde ambalo halitaondoka tena.

"Haya, juzi na jana amekula nini?" daktari aliuliza.

"Juzi nyasi na majani ya mforosadi, na unga wake," Kijino alijibu. "Jana mvua ilinyesha, sikwenda kukata. Nilimpa majani ya juzi, yalikuwa yamenyauka. Hakumaliza."

Mama alitaka kumkatiza, lakini daktari aliinua mkono. Alivaa miwani yake, akamtazama Kijino machoni.

"Jibu kama hilo ndilo linalonisaidia kutibu," alisema. "Mnyama unayemfuga hana maneno. Hawezi kuja hapa kunieleza amekula nini wala anaumwa wapi. Anakutegemea wewe umsemee. Siku ile ulipodanganya, hukutudanganya mimi na mama yako peke yetu. Ulimziba mdomo yeye. Mlishe kinachomfaa hata siku unapochoka, na siku utakayokosea, sema mapema, tukiwa bado tunaweza kurekebisha."

"Nimeelewa, daktari," Kijino alisema, akampakata Jemadari kifuani kwa mikono miwili.