Dubu Aliyemfuata Kahindi Hadi Junda

Kila asubuhi Nyamvula aliamka kabla ya majirani. Alifagia uwanja, akateka maji kisimani, akabandika uji wa mahindi. Uji ulipoiva, aliumimina katika bakuli la bati, akaliweka mkekani mbele ya mlango wa mwanawe. Halafu aligeuza uso upande wa minazi.

"Kahindi, uji huo," alisema, akaondoka bila kumtazama.

Hakuwa mama mbaya. Kahindi alikuwa mwanawe wa pekee, na uji ule aliutia tui la nazi kwa sababu alijua anaupenda hivyo. Lakini alikuwa anaogopa. Alimwogopa mtoto aliyemzaa mwenyewe.

Ilikuwa mwaka 1946, huko Junda, Kisauni, upande wa pwani. Vita vikuu vilikuwa vimekwisha. Kahindi alirudi mwezi wa pili kutoka Burma, nchi ya mbali huko Asia, alikopigana akiwa askari. Alirudi na miguu yake miwili na mikono yake miwili, lakini uso wake ulikuwa umechanika. Makovu yalianzia kwenye paji la uso, yakapita jicho la kushoto, yakateremka hadi kwenye taya. Jicho lenyewe halikuwapo tena.

Watu walipomuuliza, alisema ukweli. Alisema kwamba alikwenda kuteka maji kijitoni asubuhi. Akamkuta mnyama mweusi, mkubwa, mwenye manyoya marefu, akila matunda pamoja na watoto wake wawili. Yule mnyama alisimama kwa miguu miwili kama mtu. Kifuani alikuwa na alama nyeupe mfano wa mwezi mwandamo. Akampiga Kahindi kofi moja tu, akakimbia na watoto wake. Askari wenzake waliziona nyayo zake matopeni, na zilifanana na nyayo za mtu aliye pekupeku. Askari mmoja aliyesoma alimwambia kwamba huyo ni dubu.

Maskini Kahindi. Kila neno alilosema lilikuwa kweli, na kila neno lilizidi kumfunga. Mnyama anasimama kama mtu? Ana mwezi kifuani? Anaacha nyayo za binadamu? Pale Junda watu walijua jambo moja tu la namna hiyo. Walisema huyo ni fisi wa kiapo.

Kabla Kahindi hajaenda vitani, nazi za jirani yao, Ruwa, ziliibwa. Wazee wakawaapisha vijana wote wa kijiji. Kila kijana alitamka kwamba kama yeye ndiye mwizi, fisi amjie popote atakapokuwa. Kahindi naye aliapa, na moyo wake ulikuwa mweupe, maana hakuiba hata kidaka, nazi changa kabisa. Mwaka uliofuata aliingia jeshini. Sasa Ruwa alipouona uso wake alisema, "Fisi amevuka bahari kumfuata." Basi, kesi ikaishia hapo. Mshitakiwa hakuulizwa kama aliiba.

Watu hao hao Jumapili walikuwa kanisani. Jina la dubu walilisikia huko, katika visa vya manabii wa kale. Walidhani kwamba dubu aliishi zamani zile, akaisha pamoja na manabii wenyewe. Mzee mmoja wa kanisa alisema kwamba hata kama alikuwa dubu kweli, Mungu hamtumi dubu kwa mtu asiye na hatia. Kwa hiyo Kahindi alikuwa na makosa akiwa amepigwa na fisi, na alikuwa na makosa akiwa amepigwa na dubu.

Kulikuwa na jambo jingine. Wazee wa pale waliamini kwamba ukimtazama usoni mtu aliyeshikwa na kiapo, kiapo nacho kinakutazama wewe. Ndiyo sababu Nyamvula aligeuza uso. Ndiyo sababu wanaume waliinama Kahindi alipopita njiani, na wanawake walijifanya wanafunga kanga zao upya.

Kache, mkewe, alivumilia mwezi mmoja. Kisha baba yake, Mzee Randu, alikuja kumchukua. Randu alikuwa mfugaji wa ng'ombe, na boma lake lilikuwa mwendo wa saa moja kutoka Junda. Alimchukua Kache pamoja na Dorcas, mtoto wa miaka mitatu aliyezaliwa baba yake akiwa vitani. Kahindi alikuwa amempakata binti yake mara chache mno. Alisimama mlangoni akawatazama wakienda, na hakuna aliyegeuka nyuma.

Mwezi wa saba Nyamvula alishikwa na homa ya mapafu. Aliugua siku nne. Kahindi alikaa kando ya kitanda, akamnywesha maji kwa kijiko. Mama alikunywa huku amefumba macho. Siku ya nne alifariki, na macho yake hayakuwa yamefumbuliwa. Siku ya mazishi watu walisimama upande mmoja wa kaburi, Kahindi akasimama upande wa pili peke yake.

Tangu siku hiyo Kahindi hakujibishana na mtu tena. Alikuwa amekata tamaa kabisa. Wakati mwingine alikaa kwenye mkeka ule ule wa uji akajiuliza kama labda watu wote wana haki na yeye ndiye mwongo. Labda aliiba zile nazi akasahau. Upweke unaweza kumfikisha mtu hapo.

Mwezi wa tisa Randu alimtuma mtu kwa Kahindi. Alisema kwamba kama Kahindi atakuja bomani kwake siku ya Jumamosi, akakiri wizi mbele ya wazee, akatakaswa kwa damu ya mbuzi, ataruhusiwa kumchukua mkewe na mtoto. Asipokuja, Kache ataozwa kwa mtu mwingine. Kahindi alijibu kwamba atakuja na atakiri. Hakukubali kwa sababu ya wizi. Alikubali kwa sababu alimtaka Dorcas.

Jumamosi hiyo boma la Randu lilijaa watu na ng'ombe. Mtu wa idara ya mifugo alikuwa amekuja kuchanja ng'ombe dhidi ya ugonjwa wa sotoka. Aliitwa Odhiambo, na kwao ni bara, upande wa ziwani. Wazee waliamua kumngojea amalize kazi yake ndipo waanze shauri lao. Kahindi alikaa chini kando ya ua, ameshika kamba ya mbuzi. Watu wote walimpa mgongo.

Odhiambo alipomaliza kunawa mikono alimwona. Alimtazama usoni sawasawa, kama mtu anayesoma barua.

"Ndugu, huyo dubu alikupata wapi? Bonde la Kabaw, kule Burma?" aliuliza.

Miezi saba hakuna mtu aliyemtazama Kahindi usoni. Kahindi alianza kulia, na yule mbuzi akaanza kuvuta kamba.

Odhiambo alikuwa Burma pia. Kazi yake jeshini ilikuwa kuwatunza nyumbu, chotara wa punda na farasi, waliobeba mizigo. Alipopewa likizo alikwenda Kalkuta, huko Bara Hindi, akaiona bustani ya wanyama, na akawaona dubu wa namna namna kwa macho yake. Mganga wa mifugo aliyekuwa mkubwa wake alimweleza habari zao. Odhiambo aliposikia sababu ya watu kukusanyika alikasirika, lakini aliwaamkia wazee kwa adabu akaomba kusema.

Aliwaambia kwamba dubu yupo duniani leo, na ana jamaa yake mwenyewe. Si fisi, si mbwa, si nyani. Mwili wake ni mnene, mkia wake mfupi hata hauonekani vizuri, masikio yake ya mviringo. Hutembea kwa kukanyaga wayo mzima, kama mtu, ndiyo maana unyayo wake hufanana na wa mtu. Akitaka kuona mbali au akishtuka, husimama kwa miguu ya nyuma. Hula matunda, mizizi, asali, wadudu, na nyama pia. Hana haja ya kumtafuta mtu, lakini ukimkurupusha akiwa na watoto wake atakupiga.

Mzee mmoja aliuliza kwa nini basi hajaonekana Kisauni, wala Malindi, wala bara.

"Kwa sababu nchi yetu si kwao, mzee wangu," alijibu Odhiambo. "Afrika aliishi kaskazini kabisa, milimani, na huko nako amekwisha. Wewe hujamwona, lakini yeye yuko kwake."

Akaendelea kuwaeleza. Katika bahari ya barafu, kaskazini ya dunia, yuko dubu mweupe anayewinda sili, wanyama wa baharini. Katika misitu na milima ya Ulaya, Asia na Marekani yuko dubu wa kahawia, naye ni mkubwa sana. Marekani kuna dubu mweusi pia, na katika milima ya Amerika ya Kusini yuko mwenye duara nyeupe machoni kana kwamba amevaa miwani. Bara Hindi kuna mwenye manyoya ya matimutimu anayefyonza mchwa vichuguuni. Katika misitu ya joto ya Asia yuko mmoja mdogo, mwenye manyoya mafupi. Na katika milima ya Asia, pamoja na Burma, yuko dubu mweusi mwenye mwezi mweupe kifuani.

Siku zile wataalamu walikuwa bado wanabishana kuhusu panda wa Uchina, mnyama mweusi na mweupe anayekula mianzi. Siku hizi naye amehesabiwa miongoni mwa dubu, na jumla ya aina zao ni nane.

Wazee walisikiliza. Lakini Ruwa alisema kwamba maneno ya askari wawili ni yale yale maneno ya askari mmoja. Baadhi ya watu waliitikia kwa kichwa. Kahindi akaukaza mkono kwenye kamba ya mbuzi wake.

Odhiambo alimgeukia Randu.

"Mzee, wewe umefuga tangu utoto wako. Fisi unamjua?"

"Namjua kuliko ninavyowajua baadhi ya ndugu zangu," alisema Randu.

"Nichoree unyayo wake hapa chini."

Randu alichukua fimbo akachora mchangani. Mkono wake haukusita.

"Vidole vingapi?"

"Vinne. Mbele vinne, nyuma vinne. Hata mtoto anajua."

"Na kucha zake?"

"Butu. Zinalika kwa kutembea. Fisi hapasui kwa kucha, fisi anauma."

"Basi mtazame mkweo," alisema Odhiambo. "Dubu ana vidole vitano kila mguu, vimepangana, na kucha zake ni ndefu kama kidole changu."

Randu aliutazama tena mchoro wake. Kisha alikwenda hadi kwa Kahindi, akapiga goti, akamwinua kidevu. Aliweka kidole kwenye kovu la kwanza, karibu na sikio, akahamia la pili. Watu walimwona akitikisa midomo. Alipofika kwenye pua alisimama, akarudi mwanzo, akahesabu upya.

"Matano," alisema. Sauti yake ilikuwa ndogo. "Matano, na hakuna alama ya jino."

Wazee walikuja mmoja mmoja kutazama. Ruwa alikuja wa mwisho. Hakuna aliyetaja tena habari ya kukiri. Kache alitoka jikoni amembeba Dorcas, akasimama mbele ya mumewe, akamtazama mpaka machozi yakamziba macho.

"Nisamehe, baba Dorcas," alisema. "Twende nyumbani."

Walirudi Junda jioni hiyo, na yule mbuzi wakarudi naye. Jumapili iliyofuata wazee walitangaza kwamba Kahindi hana hatia. Wakakubaliana kwamba kuanzia siku hiyo, mtu akiumia, kwanza jeraha lake litazamwe na mwenyewe aulizwe, na kama jambo hawalijui, atafutwe anayelijua. Ruwa alileta nazi za kupatana. Vijana walianza kuja kwa Kahindi kusikia habari za dubu, na sasa alitazamwa mpaka akachoka.

Mwezi wa kumi na mbili walikwenda kupalilia kaburi la Nyamvula. Walipomaliza walikaa chini, Kahindi akampakata Dorcas. Mtoto akaanza mchezo wake mpya. Aliweka kidole kwenye uso wa baba yake, akahesabu taratibu, moja, mbili, tatu, nne, tano, kisha akapiga makofi. Kache alicheka.

Kahindi hakucheka. Alikuwa anatazama kaburi.

"Mtoto wa miaka mitatu anaweza kuyahesabu," alisema. "Mama angeweza asubuhi yoyote, kabla uji haujapoa."