Vitufe Vitatu vya Chini

Wino haukutoka kwa maji. Dobi alijaribu maji matupu, akajaribu maji ya sabuni, akakipumulia kioo cha simu na kukisugua kwa upindo wa gauni lake, lakini zile alama nyekundu zilibaki palepale: pembetatu, duara na mraba, zimechorwa kwa mkono kwenye ukingo wa chini wa kioo, juu kabisa ya vile vitufe vitatu vya kurudi nyuma, kwenda mwanzo na kuona kilichofunguliwa. Fundi aliyewauzia simu hiyo, kuukuu lakini nzima, alikuwa amewaambia huku akicheka kwamba mwenyewe wa kwanza aliomba sana wino usifutwe. Kwa nini, hakusema. Watu wana mambo yao.

Sasa, huyu alikuwa dobi wa hospitali. Miaka ishirini na mmoja ameitoa damu kwenye shuka, dawa za vidonda kwenye mashati ya wauguzi, na mengine ambayo si ya kutajwa mbele ya chakula. Kumwambia mtu wa namna hiyo aache doa ni kumtukana kazi yake. Akachukua pamba na ile spiriti aliyozoea kuja nayo nyumbani kwenye kichupa, akafuta mara moja tu, na wino wote ukatoka. Ila pamba ilibaki nyeupe pe. Akaigeuza upande wa pili, nyeupe. Alisimama kidogo akiitazama, kisha akaitupa, kwa sababu alikuwa amechoka na vyombo vya tangu jana vilikuwa vinamsubiri.

Simu ilikuwa ya mumewe. Ghalani walimwita Winchi, maana wakati wake alikuwa akiweka gunia moja begani kushoto na jingine juu yake, huku akipiga soga. Mtu mcheshi. Siku za mvua alikuwa akimngoja mkewe kwenye geti la hospitali na mwavuli mmoja, na kumwambia kwamba wa pili aliuacha makusudi. Dobi alimpenda kwa ajili ya hayo, na bado alimpenda. Lakini siku moja mgongo wa Winchi ulikatika katikati ya ngazi, na kwa miezi saba sasa alikuwa mtu wa kochi. Mke anarudi saa tisa alasiri, mikono imevimba kwa kukamua mashuka, hajavua hata viatu, na sauti inatoka sebuleni: maji. Dawa. Niinue. Nigeuze. Si hivyo, unaniumiza. Usiku hali hiyohiyo, na alfajiri zamu inamngoja.

Simu ilinunuliwa ili aache kutazama dari. Ungedhani mtu aliyevunjwa na magunia angejichagulia gemu ya karata au ya magari, lakini wapi. Alichagua gemu ya mpakiaji mdogo anayetoa magunia ghalani na kuyapanga kwenye lori, na likijaa linakuja lingine. Tatizo likawa kidole gumba. Cha Winchi kilikuwa kipana, kigumu, na kila alipolifuata gunia lililo chini kilikuwa kinagusa lile duara, gemu inamtoka, magunia yote yanapotea. Hapo nyumba nzima inasikia. Mke anaulizwa kwa nini vitufe vimekaa pale, utadhani yeye ndiye aliyeviweka.

Kazini, mpiga pasi mwenzake alimweleza dawa yake: unaingia kwenye mipangilio, unatafuta mahali pa skrini, unachagua vitufe vijifiche wakati wa gemu. Ukivihitaji, unapandisha kidole kutoka chini ya kioo, vinatokea. Dobi alifanya hivyo jioni ileile, amesimama, mfuniko wa sufuria mkono mmoja. Vile vitufe vikazama na kioo chote kikawa ghala na lori.

"Sasa utanyamaza?" alimuuliza.

"Nitanyamaza," Winchi akasema, tayari macho yako kwenye magunia. Na kweli hakumwita tena jioni ile. Mkewe alilala kwenye kiti na nguo zake za kazi.

Kesho yake aliporudi, jambo la kwanza lilikuwa harufu. Kila dobi anaijua: nguo zilizoachwa kwenye ndoo siku tatu bila kuanikwa. Aliifuata mpaka jikoni, na pale, wima, mgongo umenyooka, alisimama Winchi akisuuza vikombe.

Alilia, jamani, nani asingelia. Alimshika mabega, akamgusa uti wa mgongo pingili kwa pingili. Akamuuliza imekuwaje. Mume akajibu kwa upole kwamba ameamka tu akajiona ana nafuu, kisha akamwambia avue viatu akae. Sakafu ilikuwa imepigwa deki. Chakula kilikuwa mezani. Hakuna aliyeitwa, hakuna aliyegeuzwa. Mwanamke yule alikula chakula cha moto akiwa ameketi, jambo ambalo alikuwa amelisahau lilivyo, na saa kumi, jua bado kali dirishani, akapanda kitandani na kulala kama mtu aliyezimwa.

Siku nne zilikwenda hivyo. Kama kulikuwa na kasoro, ni simu tu. Ilikaa juu ya meza ya sebuleni, gemu imefunguka yenyewe, na ingawa sauti ilikuwa imezimwa, zilikuwa zinasikika tuf, kisha kimya, kisha tuf, za gunia likitua juu ya gunia. Alitaka kuizima, kitufe cha ubavuni hakikukubali. Mume akamwambia aiache, yeye gemu imemchosha. Akaiacha. Asubuhi na jioni aliichomeka kwenye chaja kwa mazoea, kama alivyokuwa akimfanyia alipokuwa mgonjwa.

Siku ya tano alikuwa na mapumziko, akakusanya mashati ya mumewe ayafue. Mtu mwingine angeyatumbukiza tu. Yeye, kwa desturi ya kazi, hugeuza kola kwanza, maana kola ndiyo inayosema shati limevaliwaje. Ya kwanza ilikuwa safi. Ya pili safi. Mashati manne, mtu amepiga deki, amebeba maji, amepika kwenye joto lile, na hakuna jasho, hakuna utando wa mafuta shingoni, hakuna harufu ya binadamu, ila ile ya ndoo. Alikaa chini kwenye sakafu ya bafu, shati limemlalia mapajani, akiwa haogopi bado, amechoka tu kwamba kumbe kuna jambo.

Kutoka jikoni alisikia sahani zikipangwa, taratibu, moja juu ya nyingine. Kutoka sebuleni alisikia tuf.

Akanyanyuka, akaenda sebuleni kwa ncha za vidole, mchana kweupe, majirani wanacheka nje ya dirisha, akaishika ile simu ambayo ilikuwa ya moto kuliko inavyopasa, akaisogeza karibu na uso, na pale kwenye kioo kisicho na vitufe aliona ghala lilelile na lori lilelile na mpakiaji mdogo aliyekuwa akibeba gunia, ila wapakiaji wa gemu wote hubeba begani kulia na huyu alibeba kushoto, na wapakiaji wa gemu hawachechemei na huyu alichechemea, na alipolitua gunia hakurudi kufuata jingine bali alikuja mbele, akakua, akakua mpaka uso wake ukajaa kioo, ndevu za siku tano, midomo imepasuka, na akaanza kupapasa ukingo wa chini kwa kile kidole gumba kipana, kutoka kona hadi kona na kurudi tena, kama mtu anayetafuta komeo gizani kwenye mlango ambao jana ulikuwepo.

"Usimtazame sana," ilisema sauti nyuma yake. "Inamwongezea uchovu."

Hakugeuka. Aliiweka simu kifuani, akachukua pochi, akasema kwa sauti ndogo sana kwamba anaenda dukani mara moja.

Mganga aliyeelekezwa kwake na fundi wa simu, ambaye safari hii hakucheka, alikuwa mama mtu mzima mwenye mafua, ameketi kwenye chumba nyuma ya duka la vioo, miguu ndani ya beseni la maji ya moto. Dobi alimwamkia, akaelezea yote. Yule mama alisikiliza huku akipenga kamasi, akaomba simu, akaitazama mara moja na kuirudisha haraka.

"Zile alama nilizichora mimi," alisema. "Miaka sita iliyopita. Pepo aliyekuwamo alikuwa anamtesa kijana wa watu, nikamfungia humo kwa sababu humo ndimo kijana alimokuwa anashinda. Vile vitufe ni mlango, mwanangu. Wino ulikuwa kufuli. Wewe ukafuta kufuli, yeye akapata upenyo wa kutoka, na mtu wako akavutwa ndani kuziba nafasi. Halafu mlango wenyewe ukawa umeuficha, hata mtu wako akitaka kurudi hauoni."

"Nilikuwa nataka kupumzika tu," dobi akasema. Aliona aibu kulisema.

"Najua. Hawa huingia hapohapo." Mganga akakausha mguu mmoja. "Inarekebishika. Lakini lazima iwe kidole kilichovificha. Kipandishe kutoka chini, vitufe vitokee, kisha ubonyeze ile pembetatu ya kurudi nyuma na usiachie. Usiachie hata ukipatwa na ganzi. Inaweza kuchukua saa nzima, inaweza kuchukua mbili. Atatoka mtu wako, ataingia yule. Na chaji isije ikaisha. Ikizima mtu wako akiwa ndani, basi, hakuna tena wa kumtoa."

Aliporudi nyumbani ilikuwa bado alasiri. Yule wa jikoni alikuwa ameketi kitandani, anakunja shuka, na anakunja kihospitali, pembe kwa pembe. Pale alipokaa, godoro halikubonyea. Naye hakumzuia dobi. Dobi alijilaza ubavuni kwa uchovu, akaweka simu karibu na mto, akapandisha kidole kutoka chini ya kioo. Vitufe vitatu vikatokea. Akabonyeza pembetatu, akashikilia.

Ndani ya kioo Winchi alitupa gunia na kuja mbio akichechemea.

Dakika zilipita. Mkono ukaanza kuuma, mkono uliokwishakamua mashuka ya wodi tatu wiki ile. Winchi alikuwa amekaribia mpaka pumzi zake zinatia ukungu kioo kwa ndani. Midomo yake ilikuwa inatikisika. Dobi aliisoma, maana alikuwa ameisoma kwa miezi saba: maji. Dawa. Niinue. Pengine alikuwa anasema mengine. Pengine alikuwa anaita jina lake. Dobi alijilazimisha kukumbuka geti la hospitali na mwavuli mmoja, akakumbuka, na machozi yakamtoka, na hata kulia kulimchosha.

"Mimi sikuja kumdhuru mtu," yule alisema kutoka upande wa pili wa kitanda, hakuacha kukunja. Sauti ilikuwa ya Winchi wa zamani. "Miaka sita nimebeba yale magunia. Lori likijaa linakuja jingine. Nilikuwa mbaya, sikatai. Sasa sina nguvu hata ya ubaya. Nimechoka tu."

Laiti angenguruma, laiti angekuja na makucha na macho mekundu, huenda mwanamke angepigana naye. Lakini neno hilo alilijua lilivyo kinywani, uzito wake na ladha yake, na hakuwahi kulisikia likisemwa na mwingine namna anavyolisema yeye. Kidole chake kilikuwa kimekufa ganzi. Alikitazama kikiinuka kutoka kwenye pembetatu, upana wa unywele mmoja, wa nywele mbili, akajiambia akipumzishe kidogo tu kisha aanze upya. Vitufe vikakaa sekunde chache, vikazama.

Simu ikalia mlio mfupi. Chaji ilikuwa imebaki asilimia tatu. Chaja ilikuwa sebuleni, ukutani, hatua tisa.

Winchi alikuwa anapiga kioo kwa ndani kwa viganja vyote viwili. Haikusikika sana.

"Chaja," dobi akasema. Alijaribu kuinuka, akafika kwenye kiwiko.

"Lala," yule akamwambia, akimfunika shuka mpaka mabegani. Akaichukua simu kutoka kwenye mto kwa uangalifu. "Lala, mama. Nitaichomeka mimi."

Alimtazama. Alijua kabisa ni nani anayemwambia, na alijua kwamba hataichomeka.

"Haya," akasema, akageukia ukutani na kufumba macho.