Mgeni wa Kiporo

Kwa jina la Mwenyezi Mungu, Mwenye kuwaruzuku walio hai na Mwenye kujua walikolala waliokufa. Rehema na amani zimfikie Mtume wake, aliyetufunza kula kwa mkono wa kulia na kumkirimu mgeni. Ama baada ya hayo, habari hii imepokewa kwa Mauwa binti Salehe, naye aliishuhudia kwa macho yake katika nyumba ya wifi yake, Bi Hamisa binti Mbwana, ambaye asili ya wazee wake ni Mbwamaji, kisha wakahamia Temeke. Nyumba yenyewe ingali ipo, mtaa wa nyuma ya soko, mlango wake wa kijani. Anayetaka kuithibitisha na apite, ila asipite saa za kula.

Ilikuwa asubuhi ya Jumamosi, mwezi wa Novemba. Bi Hamisa alipasha kiporo cha wali wa nazi, akakipakua kwenye sinia, akamwagia maharage, akatandika mkeka sebuleni. Mwanawe wa pekee, Munira, alikuwa amepata nafasi ya kusomea udaktari wa mifugo katika chuo kikuu kimoja cha Ujapani, na siku hiyo wangetembezwa chuoni humo bila kuondoka Temeke: mwanafunzi wa huko angezunguka na simu mkononi, nao wangemfuata kwenye kishikwambi. Bi Hamisa alikuwa ameshasema kwamba mtoto hatoki mpaka yeye mama aone mahali atakapolala na chakula atakachokula. Tangu afiwe na mumewe, Anwar, hakuwa na mwingine wa kumtazama. Barua ya kuikubali nafasi ilikaa juu ya kabati, haijatiwa saini.

Munira aliegemeza kishikwambi kwenye chupa ya chai. Shangazi yake, Mauwa, akanawa, akajisogeza kwenye sinia kabla ya wenzake. Kioo kikawaka, na msichana mwenye koti zito akatokea akitabasamu.

"Shikamoo mama, shikamoo shangazi. Mie naitwa Lusungu, kwetu Tukuyu, niko mwaka wa tatu. Huku saa hizi ni saa nane mchana."

"Marahaba, mwanangu. Mbona umekonda hivyo?" Bi Hamisa aliuliza.

"Ni simu hii, mama. Inakondesha watu."

Mauwa alicheka. Lusungu akawavusha lango, akawapitisha chini ya miti iliyokuwa imegeuka manjano tupu, mbele ya baiskeli mamia zilizopangwa kama vitabu rafuni. Akawaonyesha maktaba, kisha jengo ambalo mtu huvua viatu mlangoni na kuvaa ndara za wageni. Hilo lilimpendeza Bi Hamisa. Watu wanaovua viatu, alisema, hao wana adabu. Kwenye mgahawa wa wanafunzi palikuwa na kabati la kioo lililojaa bakuli za supu, samaki na wali, vyote vikimeremeta.

"Ni plastiki, shangazi. Vya kuonyesha tu, ili mtu ajue cha kuagiza," Lusungu alieleza.

"Basi mwali wetu atashiba macho," Mauwa alisema. "Tumfungie kisamvu aende nacho."

Kisha Lusungu akazunguka nyuma ya maabara za mifugo, na sauti yake ikashuka. "Hapa huwa tunanyamaza kidogo. Hili ni jiwe la kuwakumbuka wanyama waliokufa kwenye majaribio. Kila mwaka walimu na wanafunzi husimama hapa wakawashukuru. Hicho ni kibakuli cha wali wameletewa, na kikombe cha maji."

Jiwe lilikuwa jeusi, refu kiasi cha mtu aliyeketi. Kando ya jiwe Bi Hamisa alimwona mtu amechuchumaa. Alivaa nguo ya rangi ya majivu, mgongo ameuelekeza kwao, tumbo limemwagika mapajani. Shingo yake ilikuwa nyembamba kama mpini wa mwiko. Kichwa kilipanda na kushuka juu ya kibakuli, na kila kiliposhuka ilisikika sauti ya kulamba. Ghafla kikatulia. Kikageuka. Macho hayakuangalia simu wala Lusungu. Yaliangalia tonge lililokuwa mkononi mwa Bi Hamisa.

Kwetu pwani, mtu akikukuta unakula, humnyimi neno. Uwe na sinia la wageni au na kipande cha muhogo, humkaribisha. Naye akiwa na haraka hushukuru na kupita. Ulimi hulitamka neno hilo kabla akili haijauliza anayeambiwa ni nani.

"Karibu," alisema Bi Hamisa. "Karibu tule."

"Wifi, unamkaribisha Mjapani kiporo?" Mauwa alidakia. "Atapanda ndege akute tumemaliza."

Lusungu hakucheka. Aligeuka nyuma, kisha akairudia simu.

"Mama, unamkaribisha nani? Hapa niko peke yangu."

Picha ikakwama, na uso ule ukabaki begani kwa Lusungu. Mdomo wake ulikuwa tundu dogo, usingepitisha hata harage moja, na ngozi iliyouzunguka ilikuwa imelowa. Kisha kioo kikawa cheusi.

Munira alikimbilia chaja. Mauwa na Bi Hamisa wakainuka kumsaidia, wakahangaika na kishikwambi kwa muda mrefu bila mafanikio. Hakuna aliyenawa. Hakuna aliyesema Alhamdulillahi. Walipokumbuka sinia, upande wa Munira, ambao hakuwa ameugusa, wali ulikuwa umebadilika. Ulikuwa rojo, baridi, umechanganyika na mate yenye kuvutika. Ulikuwa umetafunwa.

Bi Hamisa aliumwaga jalalani, akalilaumu joto. Lakini siku iliyofuata Munira alimega andazi lililotoka kwenye mafuta muda huohuo, akakuta ndani limelowa, limesagwa, linanuka kama kinywa kilichofungwa miaka mingi. Jumatatu alichemshiwa yai. Ganda lilikuwa zima, halina ufa. Alipolimenya, kiini na ute vilimwagika kiganjani kama uji, na katikati yake palikuwa na unywele mmoja wa mvi, mrefu, umejiviringa.

Alitapika mpaka akatoa nyongo.

Chakula cha wengine hakikuguswa. Mauwa alikula kwenye sinia hilohilo wali mkavu, mzuri, na mbele ya Munira wali huohuo ukawa matapishi. Bi Hamisa alijaribu kumlisha kwa mkono wake. Tonge liliondoka kwenye sinia likiwa kavu, likafika mdomoni mwa mtoto likiwa limelowa. Mama alisikia sauti ya kulamba kati ya vidole vyake. Alinawa kwa sabuni mara tano. Utelezi ulibaki kwenye makunjo ya ngozi mpaka alfajiri.

Kufikia Alhamisi ya pili Munira alikuwa hawezi kusimama kuswali. Hospitali walimpima kila kipimo, wakamtundikia dripu mbili na kumrudisha nyumbani bila jina la ugonjwa. Maalimu wa msikitini alisoma Yasini kichwani pake; mtoto alilala usingizi mtulivu, lakini alipoamka na kuomba maji, gilasi ilikuwa na povu la mate.

"Nakufa na njaa mama, na chakula kipo," alinong'ona.

Usiku huo Bi Hamisa alilia kimya jikoni. Mauwa alimkuta huko. Hakuwa na mzaha tena.

"Wifi, mie nimefikiri. Yule hakuvamia. Ulimkaribisha kwa ulimi wako, mbele yangu."

"Nilikuwa sijui nasema na nani."

"Mgeni hilo halimhusu. Ameitwa, amekuja, anakula. Na sie siku ile tuliinuka hatukumnawisha. Kwake yeye shughuli bado haijaisha."

Tangu utotoni Bi Hamisa alikuwa ameona: mgeni hafukuzwi, wala haambiwi kwamba inatosha. Mwenyeji huleta birika na beseni, humwagia mgeni maji mikononi, humpa kitambaa, na kwa hilo kila mtu hujua kwamba chakula kimekwisha.

"Ila usimwonyeshe kinyaa," Mauwa aliongeza. "Ukishtuka, ukivuta mkono, umemtukana. Hatatoka."

Jumamosi saa mbili asubuhi mkeka ulitandikwa palepale. Sinia likawekwa, kiporo kwa maharage. Munira aliketishwa ukutani kwa mito. Bi Hamisa alishika birika mkono wa kulia, beseni mkono wa kushoto, na begani alitundika kitambaa cheupe kilichodariziwa na marehemu mama mkwe wake, ua jekundu kila pembe. Kilikuwa kitambaa cha wageni wa heshima.

"Karibu," alisema. "Karibu tule."

Walingoja. Wali wa upande wa Munira ukabonyea. Ukalowa. Punje zikaanza kujikunja, zikisagika zenyewe kwa zenyewe. Harufu ikajaa chumbani. Mauwa aliziba pua kwa ushungi, kisha akakumbuka, akaushusha.

Bi Hamisa alipiga magoti.

"Ahsante kwa kuja," alisema taratibu. "Sote tumeshiba. Karibu unawe."

Alimimina maji. Yalianguka kwenye beseni, chururu. Hayakumkuta mtu. Alimimina tena.

Safari hii maji hayakufika chini.

Yalitandaa hewani, yakachora vidole. Vilikuwa virefu. Vilikuwa na pingili nyingi mno. Beseni likawa zito. Uchafu ukaanza kushuka: wali, ngozi za maharage, andazi, kiini cha yai, manyoya mafupi ya wanyama wa rangi mbalimbali. Maji yakawa kijivu, mazito kama kamasi. Yakamrukia midomoni.

Hakutema.

Kidole kimoja kikamgusa kifundo cha mkono. Kilikuwa laini, kama mnofu wa kuku uliolala kwenye maji. Kikapanda mpaka kiwiko, polepole, kikirudi na kupanda. Hapo akatambua kwamba halikuwa kidole. Ulikuwa ulimi.

Hakuuvuta mkono. Akatabasamu, kama alivyofunzwa kumtabasamia mgeni.

"Kitambaa hiki hapa," alisema.

Kitambaa kiliondoka begani. Beseni likawa jepesi. Mlango wa kijani, uliokuwa umefungwa kwa komeo, ukafunguka na kujifunga.

Mauwa alimega wali mbele ya Munira. Ulikuwa mkavu. Akampa. Mtoto alitafuna kwa hofu, akameza, akafungua mdomo kama kinda. Alikula nusu sinia, na mama yake akatoka uani kutapika.

Wiki tatu zilipita, mashavu ya Munira yakajaa. Hakuacha kukiota chuo chake, na Bi Hamisa, kwa furaha ya kumwona mzima, aliitia saini barua. Ilipokwisha kutumwa, Lusungu alipiga simu, saa mbili asubuhi, Jumamosi.

"Shikamoo mama. Samahani, naomba mwangalie kitu. Leo nimepita kwenye lile jiwe nikaona hiki, na maua haya nahisi niliyaona sebuleni kwenu siku ile, kwenye vitambaa vya viti."

Akageuza simu. Theluji ilikuwa imeanguka. Mbele ya jiwe jeusi palikuwa na bakuli kubwa, limejaa mpaka juu, limefunikwa kwa kitambaa cheupe chenye ua jekundu kila pembe. Kilikuwa kimenyooshwa vizuri, pembe zimeingizwa chini, vilevile ambavyo Bi Hamisa humfunikia chakula mtu ambaye bado hajafika. Kwenye theluji hapakuwa na nyayo isipokuwa za Lusungu. Na kitambaa kilikuwa kinatoa mvuke.

"Nikifunue, mama?"

"Usifunue," alisema Bi Hamisa. "Ondoka hapo, mwanangu. Usiangalie nyuma."

Simu ilikatwa. Sanduku la Munira lilikuwa mlangoni, limeshafungwa nusu. Binti aliliangalia sanduku, kisha akamwangalia mama yake.

"Mama," aliuliza, "mtu ukimkaribisha akaja, naye akikukaribisha, unaruhusiwa kukataa?"

Mauwa anasema mpaka leo mama hajamjibu, na sanduku lingali mlangoni.

Mwenyezi Mungu awabariki nyote mliotega masikio. Azitie baraka riziki zenu, akukutanisheni na wageni wa heri, na kila tonge lifike vinywani mwenu likiwa halijaguswa na mwingine. Amina.