Kichekesho cha Mrina Asali

Kila Ijumaa baada ya usafi, wanafunzi wachache wa darasa la sita katika shule moja ya Kasokola walibaki na Mwalimu Arcade kujifunza kuandika vichekesho kwa ajili ya siku ya mahafali. Mwalimu huyo hakuwa mcheshi hata kidogo, na labda ndiyo maana alifundisha vizuri. Aliwaambia waanze na jambo walilolishuhudia wenyewe, wampeleke msikilizaji njia moja, halafu wakate kona ghafla. Neno la kuchekesha likae mwishoni, na baada yake wanyamaze.

Juliana aliyashika mafunzo hayo barabara. Alitamani sana kuchaguliwa kusimama mbele ya wazazi, na jambo la kusimulia alikuwa nalo.

Rozalia, rafiki yake wa dawati moja ambaye naye alibaki kila Ijumaa, alikuwa amefiwa na baba si muda mrefu uliopita. Mzee Venansi alikuwa mrina asali. Alianguka kutoka juu ya mti katika msitu wa Ugalla, na hospitali hakufika akiwa hai. Msiba ulikuwa mzito. Hata hivyo, kama ilivyo desturi, alikuwepo mtani wa ukoo, Mama Josephina, ambaye wajibu wake ni kuwatania wafiwa ili huzuni isiwazidi nguvu. Alivaa koti la marehemu lililonuka moshi, akawa anafukuza nyuki wasiokuwepo, akauliza kwa sauti kubwa kwa nini Venansi amepanda polepole na kushuka haraka. Waliokuwa wakilia walicheka. Rozalia mwenyewe alicheka huku machozi yakimtoka. Juliana aliliona hilo kwa macho yake, na hapo ndipo alipojidanganya.

Ijumaa iliyofuata alisimama akasoma: "Mrina asali mmoja alianza kupanda mti alfajiri, akafika juu jua likiwa kali. Kushuka, alishuka mara moja."

Wenzake wakaangua kicheko. Rozalia aliinuka, akachukua mfuko wake, akatoka. Jumatatu hakuja shuleni, wala siku zilizofuata. Mama yake alisema binti amekataa katakata, anataka kubaki shambani.

Mwalimu Arcade alijua kuwa Rozalia amefiwa, lakini hakujua baba alikufaje. Alipoambiwa, aliona aibu kubwa. Juliana alijitetea kwamba Mama Josephina alisema vilevile na Rozalia akacheka. Mwalimu akamwambia aende akamuulize Mama Josephina mwenyewe.

Alimkuta akimenya mihogo. Mama huyo alisikiliza mpaka mwisho, na safari hii hakuwa na mzaha.

"Mimi niliposikia msiba niliacha shamba langu," alisema. "Nilichota maji, nilipika, nililala chini na mama yake Rozalia mpaka tukaanua matanga. Nilipolivaa lile koti, Rozalia alikuwa ametoka kulia begani kwangu. Na wewe binti, pale msibani ulifanya nini?"

Juliana alifikiri kidogo. "Nilikula wali," akajibu kwa sauti ndogo.

Jioni hiyo Mama Josephina alimpeleka kwa kina Rozalia, akamkalisha kwenye rundo la mahindi na kumwambia apukuchue. Rozalia alipomwona aliingia ndani. Kesho yake Juliana alirudi peke yake, na keshokutwa pia, mpaka vidole vikachubuka. Hakuna aliyemshukuru, na hakustahili. Hatimaye Rozalia alitoka, akakaa ng'ambo ya rundo. Juliana akamwomba msamaha.

"Wale waliocheka hawakumjua baba," Rozalia alisema. "Sasa wanamjua kwa kuanguka tu."

Juliana alilia. Hakujitetea tena. Wakaendelea kupukuchua, na baadaye Rozalia, bila kuulizwa, akaanza kusimulia jinsi baba yake alivyokuwa akiwaomba nyuki radhi kabla ya kuwasha moshi, kwa adabu kama mtu anayebisha hodi kwa mkwe. Alitabasamu kidogo, kisha uso ukarudi ulivyokuwa.

Juliana aliwaambia wenzake wote ukweli, kwamba yule mrina asali alikuwa na jina, na kwamba yeye mwenyewe amekosa. Jumatatu Rozalia alirudi darasani. Wanafunzi walimpisha njia. Siku ya mahafali Juliana hakuchaguliwa, na wala hakuomba.

Alipokwenda kumshukuru Mama Josephina, alimuuliza kama basi mambo ya huzuni hayafai kabisa kuandikiwa vichekesho.

"Yanafaa, mwanangu," mama alisema. "Huzuni ndiyo inayohitaji kicheko kuliko kitu kingine. Lakini msiba una uzito. Ubebe kwanza na mwenye msiba. Akichoka, atakutazama usoni akitaka umchekeshe, na hapo utajua la kusema. Ukicheka hujabeba kitu, unakuwa umemwongezea mzigo."

Juliana aliitikia, akavuta kigoda, akachukua kisu cha pili na kuanza kumenya mihogo.