Bomba Lililokunywa Maji

Asubuhi ya Jumanne, mama mshonaji alikuwa amekwishapanga ndoo nne mlangoni. Maji ya mtaa yalitoka Jumanne na Ijumaa tu, tena kwa kujivuta. Mumewe, kinyozi, hakuwa na haraka. Aliipangusa pampu yake kwa kitambaa, akaiwasha. Pampu hiyo alikuwa ameiunga moja kwa moja kwenye bomba la mtaa. Ilinguruma, na ndoo zikajaa.

"Unaliona dume hili?" alisema kinyozi. "Halibembelezi maji. Linayavuta tu."

"Huyo mke mwenzangu umeshampangusa," alisema mkewe. "Mimi hata hujaniuliza nimeamkaje."

Walicheka, lakini kicheko hakikudumu. Kitinda mimba wao, msichana wa miaka minne, alikuwa akiharisha tena. Ilikuwa mara ya tatu mwezi huo.

Kwenye zahanati, nesi alimpa dawa ya kuongeza maji mwilini. Kisha akamtazama mama.

"Mtoto amekonda sana. Akiugua tena hivi, sijui kama mwili wake utahimili. Tafuteni anakunywa nini."

Mama aliingiwa na hofu. Lakini walipofika nyumbani, hofu ile ilikuwa imegeuka hasira. Alisugua ndoo zote. Kisha alijaza maji kwenye chupa ya kioo, akayaacha yatulie. Chini ya chupa pakabaki tope jeusi.

Alimpelekea chupa ile jirani yao, fundi wa bomba katika idara ya maji. Mtaa mzima ulimwita Mama Spana.

"Ijumaa njoo na mumeo," alisema Mama Spana. "Pampu yenu muiache imewashwa."

Ijumaa walikwenda. Mama Spana alijaza kikombe maji safi. Akauzamisha mdomo wa bomba lake ndani ya kikombe, kisha akalifungua. Maji hayakutoka. Yale ya kikombe ndiyo yaliyopungua, yakapungua, yakaisha.

Kinyozi alikodoa macho. "Bomba limekunywa maji?"

"Limenyonywa. Pampu yako inavuta kuliko bomba linavyoweza kutoa. Na si yako tu, mtaa huu una pampu kumi na moja. Sasa nifuateni."

Aliwapeleka kwenye mtaro wa maji machafu. Bomba la mtaa lilipita ndani yake. Kwenye kiungo kimoja lilikuwa na ufa, na mtu alikuwa ameufunga kwa kipande cha mpira.

"Kwangu limekunywa maji ya kikombe," alisema Mama Spana. "Hapa linakunywa nini?"

Kinyozi aliuchungulia ufa ule.

"Bomba hili alilitandaza marehemu baba yangu," aliendelea Mama Spana. "Kabla ya hapo watu walichota visimani, na vyoo vilikuwa hatua chache tu kutoka hapo. Kipindupindu kiliwafagia. Ndipo mji ukaleta maji kutoka mbali, ndani ya bomba lililojaa saa zote. Bomba lililojaa likipasuka, maji hutoka nje. Uchafu haupati njia ya kuingia. Lakini lilipimwa kwa nyumba arobaini. Leo tuko zaidi ya mia nne, na bomba ni lile lile."

"Basi kosa ni la mji," alisema kinyozi.

"Mji umechelewa, kweli, na bomba kubwa tutalidai. Lakini tope lile halikuvutwa na mji."

Kinyozi aliinamisha kichwa. "Kumbe nimemnywesha mwanangu mtaro," alisema.

"Tufanye nini?" mkewe aliuliza.

"Ondoeni pampu kwenye bomba. Wekeni tenki chini, maji yaingie yenyewe polepole. Pampu ivute kutoka tenkini. Na ya kunywa, yachemsheni mpaka yatokote, myaweke kwenye chombo chenye kifuniko."

Kinyozi aliing'oa pampu siku ile ile. Zilibaki kumi.

Mama mshonaji alishika kikombe, akaanza kupita mlango kwa mlango.

"Sasa umekuwa mkaguzi wetu, dada?" aliulizwa kwenye nyumba ya kwanza.

"Sikukagui. Kikombe hiki hapa. Jaza, ujaribu kwenye bomba lako."

Wengine walimfungia mlango. Alirudi Ijumaa iliyofuata, na iliyofuata tena. Kinyozi naye alisema na wateja wake wakiwa wamenyolewa upande mmoja, hawana pa kukimbilia. Majirani wakachanga pesa za tenki, nyumba tatu tenki moja. Wakaandika barua kwa idara ya maji, wote wakatia sahihi. Baada ya miezi miwili, mafundi walikuja wakalitoa bomba mtaroni na kubadilisha kiungo kile. Bomba kubwa bado hawajalipata, na kila mwezi watu wawili hutumwa kwenda kuuliza.

Ijumaa ambayo pampu ya mwisho iliondolewa, walikusanyika kwa Mama Spana. Kikombe alikishika kitinda mimba mwenyewe. Mashavu yake yalikuwa yamerudi, na tangu waanze kuchemsha maji hakuwa ameharisha tena. Mama Spana akafungua bomba. Maji yalitoka kidogo kidogo, yakajaza kikombe, yakamwagikia miguu ya mtoto.

"Mama," alisema, "leo bomba halina kiu."

Mama alicheka. Alikipokea kikombe, akakipeleka jikoni kwake, akayamimina maji kwenye sufuria na kuwasha jiko.