Jina Lililovuja

Mtoto alitoka jikoni na kikombe mkononi, akamuuliza mama yake nani anamwita. Jikoni hamkuwa na mtu. Mama akacheka, akauliza kwa utani tu kaitwa nani. Mtoto akalitaja jina, na mama akaacha kucheka.

Jina lenyewe silitaji, mnisamehe. Nyumbani wote walimwita Kidosho. Alipokuwa mchanga jini alimng'ang'ania nusura amuue. Mganga akamtoa, akampa mtoto jina jipya na kuonya kwamba jini akilijua, atarudi. Mama akalificha hata kwa ndugu zake. Lakini yeye ni karani wa usajili wa raia, tena mnyoofu kupita kiasi, na cheti cha kuzaliwa hakiandikwi Kidosho. Akaliingiza kwenye kompyuta ya serikali. Nani angeliona humo?

Sasa wezi walikuwa wameingia humo, wakamwaga mtandaoni kumbukumbu za nchi nzima. Mkuu wa ofisi akawatuliza wananchi kwamba hakuna madhara. Hakuna madhara! Angelala yeye kwenye nyumba ile, anuse ile harufu ya waya ulioungua ikipita chini ya mlango, asikie jina likiitwa jikoni, halafu sebuleni, halafu chini ya kitanda cha mtoto, polepole, kama mtu anayehakiki taarifa, huku mtoto akizidi kuwa baridi mikononi mwa mama yake.

Mganga akarudi. Akamnong'oneza Kidosho jina jingine sikioni.

"Hata wewe usilijue," akamwambia mama. "La kwanza ulilitoa mwenyewe."

Ilimuuma, akalia, akakubali. Harufu ikaondoka. Mtoto akapata joto, akaomba chakula.

Kesho yake jioni mama alikuwa uani akianua nguo. Kupitia dirisha la jikoni akasikia sauti yake mwenyewe, ile ya upole anayoitumia akirudi kazini amechoka.

"Kidosho, jina lako jipya ni lipi? Ofisini wanalitaka."

Akataka kupiga kelele, lakini sauti yake ilikuwa huko ndani. Akatupa nguo, akakimbia, akashika kitasa na kitasa hakizunguki, na ile harufu ikimjia usoni kupitia tundu la ufunguo, na ndani mtoto akicheka kwamba mganga kamkataza kumwambia mtu.

"Mimi ni mama yako," ikasema sauti.

Mtoto akafikiri. Kisha akasema. Na mama, mkono ukiwa bado kwenye kitasa, akalisikia jina la mwanawe kwa mara ya kwanza.